Kusikiliza Mchezo Usioonekana: Utangazaji wa Mpira Redioni na Msikilizaji wa Fizi na Baraka

Utangulizi

Wahakiki wa fasihi simulizi ya Kiswahili wamekwisha kuandika mengi kuhusu mtambaji wa ngano, manju wa ngoma na mghani wa tenzi. Mtangazaji wa mpira wa redioni, ambaye kwa miongo mingi amekuwa na hadhira kubwa kuliko hao wote, ameachwa nje ya mlango. Huhesabiwa kuwa mtoaji wa taarifa tu: mpira uko wapi, nani ameupiga, matokeo ni mangapi. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba hukumu hiyo si ya haki, na kwamba namna nzuri ya kuipima sanaa ya mtangazaji ni kukaa upande wa msikilizaji wake wa mbali. Msikilizaji tuliyemchagua ni yule wa Fizi na Baraka, katika jimbo la Kivu ya Kusini, Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Tutaanza na soka, ambayo ndiyo iliyozaa utamaduni huu kwa Kiswahili, kisha tutaingia katika mpira wa kikapu, hasa ule wa vyuo vya Marekani, ambao msikilizaji huyo leo anaweza kuupata kwa intaneti.

Mulokozi, katika makala yake "Tanzu za Fasihi Simulizi" yaliyochapishwa katika Mulika mwaka 1989, aliigawa fasihi simulizi katika tanzu za mazungumzo, masimulizi, maigizo, ushairi, semi na ngomezi. Tukiuliza utangazaji wa mpira uwekwe katika utanzu upi, tutatatizika. Una masimulizi, lakini msimuliaji hajui hadithi yake itaishaje. Una maigizo ya sauti, lakini waigizaji wako mbali na hawamsikii. Pengine jirani yake wa karibu ni ngomezi: sauti inayosafiri gizani kumfikia mtu asiyeonekana, ikibeba ujumbe ambao bila ufunguo wake ni kelele tupu. Ufunguo huo ndio tunaoutafuta hapa.

Fizi na Baraka kama Hadhira

Baraka iko ukingoni mwa Ziwa Tanganyika, karibu na rasi ya Ubwari. Mji wa Fizi uko milimani, juu yake. Wenyeji wengi wa eneo hilo ni Wabembe, na lugha yao ya nyumbani ni Kibembe. Kiswahili ni lugha ya soko, ya kanisa na msikiti, ya mtumbwi na ya redio. Ng'ambo ya ziwa iko Kigoma. Vita vya mwaka 1996 na vilivyofuata viliwavusha maelfu ya watu wa Fizi hadi Tanzania, ambako kambi ya Nyarugusu ilifunguliwa mwaka huo huo wa 1996. Kuanzia Oktoba 2005 wengi wao walirudi kwa meli kutoka Kigoma hadi Baraka. Kwa hiyo msikilizaji wetu si mtu asiyejua Kiswahili cha Tanzania. Amekisoma shuleni kambini au amekisikia kwa ndugu zake waliokaa huko. Lakini si chake pekee. Anacho pia Kiswahili cha Kongo, ambacho mtu ni "mutu" na mpira ni "mupira", na ambacho kimekopa ekipe na arbitre kutoka Kifaransa.

Hadhira ya namna hii ni mtihani mgumu kwa mtangazaji. Hata samaki yule yule wa ziwani, anayeitwa mgebuka Kigoma, huitwa mukeke upande wa Uvira na Bujumbura. Wala si maneno tu yanayotofautiana. Saa nazo zinatofautiana. Mashariki ya Kongo iko saa moja nyuma ya Afrika Mashariki. Mtangazaji wa Dar es Salaam akisema mechi itaanza saa kumi jioni, mtu wa Baraka hana budi kufungua redio yake saa tisa. Asiyejua hilo atakuta kipindi cha kwanza kimekwisha. Huo ndio ustadi wa kwanza wa usikilizaji wa ng'ambo, nao hujifunzwa kwa kukosa.

Nyakati za Vitenzi

Mtazamaji wa televisheni haoni taabu ya njeo, maana macho yake yanamwambia lililopo na lililopita. Msikilizaji hana macho hayo. Anategemea viambishi. Tuchukue sentensi tatu tulizotunga wenyewe:

(a) Anapokea, anageuka, anapiga!
(b) Amepokea, amegeuka, amepiga!
(c) Akapokea, akageuka, akapiga.

Katika (a) mdomo wa mtangazaji uko sawa na mguu wa mchezaji, au angalau anadai hivyo. Msikilizaji anabana pumzi. Katika (b) tendo limekwisha na matokeo yake yapo: mpira umeondoka mguuni, na sikio linangoja neno moja tu, ama goli ama nje. Katika (c) tumo katika hadithi. Hatari imepita na mtangazaji anatusimulia upya. Mtangazaji hodari huhama kutoka -na- hadi -me- hadi -ka- kwa mpango, na msikilizaji mzoefu hupima kwa viambishi hivyo umbali uliopo kati ya sauti na tukio. Mtangazaji dhaifu huchanganya. Husema "anapiga" wakati kipa amekwisha kuudaka mpira, na hivyo humwibia msikilizaji furaha au humpa hofu ya bure.

Hapa Kiswahili cha Kongo kinatuletea swali la ziada. Mtangazaji wa Tanzania akisema "huyu hupiga kwa mguu wa kushoto", kiambishi hu- cha mazoea hakina uzito sawa katika sikio la Baraka, ambako mazoea husemwa aghalabu kwa kiambishi tamati, "anapigaka". Yule anayekichukulia Kiswahili cha Kongo kuwa ni Kiswahili kilichovunjika atasema kosa ni la msikilizaji. Sisi tunaona vingine. Msikilizaji anayefasiri hu- kuwa -ka papo hapo, mpira ukiwa katika mwendo, anafanya kazi ya lugha ambayo mtangazaji hafanyi. Anastahili kuhesabiwa kuwa mjuzi.

Ishara Mbili: Kidiaba na Mutombo

Kipimo kikali zaidi cha utangazaji wa redioni ni ishara ya mwili. Mpira una njia, na njia inaweza kuelezwa. Lakini ishara hufanywa kwa ajili ya macho. Tutachukua ishara mbili za Wakongo wawili.

Ya kwanza ni ya Robert Kidiaba, aliyekuwa mlinda mlango wa TP Mazembe ya Lubumbashi. Tarehe 14 Desemba 2010, mjini Abu Dhabi, Mazembe iliishinda Internacional ya Brazil 2-0 katika nusu fainali ya Kombe la Dunia la Klabu. Ikawa timu ya kwanza ya Afrika kufika fainali hiyo, ambako Inter ya Italia iliwafunga 3-0 siku nne baadaye. Kila Mazembe ilipofunga, Kidiaba alikaa chini, akanyoosha miguu, akarukaruka kwa makalio uwanjani. Aliyeona hakuhitaji neno. Lakini je, aliyesikia? Kusema "Kidiaba anashangilia kwa mtindo wake" ni kumwambia msikilizaji kwamba kuna karamu na kumfungia mlango. Kusema "amekaa chini, anarukaruka kwa makalio kama mtumbwi uliofungwa gatini siku ya mawimbi" ni kumfungulia, hasa akiwa mtu wa Baraka. Tashbihi ya redioni haitakiwi iwe nzuri tu. Yatakiwa itoke katika vitu ambavyo msikilizaji amekwisha kuviona. Tashbihi ya daladala iliyojaa inaeleweka Manzese. Milimani Fizi haina nguvu hiyo.

Ishara ya pili ni ya Dikembe Mutombo, mzaliwa wa Kinshasa, aliyefariki tarehe 30 Septemba 2024. Mutombo alikwenda Chuo Kikuu cha Georgetown akitaka kuwa daktari. Alihitimu mwaka 1991 katika isimu na diplomasia, akawa mchezaji wa kulipwa mwaka huo huo. Alikuwa na kimo cha mita 2.18, na kazi yake kubwa ilikuwa kuzuia mipira isifike kikapuni. Katika NBA alizuia mara 3,289, na ni Hakeem Olajuwon peke yake aliyempita. Baada ya kuzuia alitikisa kidole cha shahada mbele ya mpinzani. Kwa macho ya Mwafrika ishara hiyo haihitaji tafsiri: ni ya bibi anayemkataza mjukuu kuonja kitoweo kabla wageni hawajala. Mtangazaji wa Kiswahili angeipata tashbihi hiyo bila kuitafuta. Inasikitisha kwamba mwanaisimu huyu wa Kongo alipokuwa akicheza Marekani, michezo yake ilitangazwa kwa Kiingereza, na kidole chake kilielezwa kwa lugha ambayo haina bibi huyo.

Soka na Kikapu: Wapi na Ngapi

Baadhi ya wasomaji watauliza: mpira wa kikapu unahusu nini katika taaluma ya Kiswahili? Unahusu kwa sababu unatuonyesha kwamba utangazaji si sanaa moja. Kila mchezo una umbo lake la usimulizi.

Uwanja wa soka una urefu wa mita 105 hivi na upana wa mita 68, nao wachezaji ni 22. Swali kuu la msikilizaji ni "wapi?". Mpira uko kushoto au kulia, karibu na mstari wa kati au ndani ya eneo la hatari? Magoli ni machache, na dakika ni 90. Kwa hiyo utangazaji wa soka una umbo la hadithi: mwendo mrefu, vikwazo, kisha kilele. Kati ya vilele mtangazaji ana nafasi ya kupiga soga, kumsifu mchezaji, kukumbuka mechi za kale. Nafasi hiyo ndiyo iliyowalea mafundi wa Kiswahili cha michezo.

Uwanja wa kikapu una mita 28 kwa 15 hivi. Wachezaji ni kumi tu kwa wakati mmoja, na mpira hufika upande wa pili kwa sekunde chache. Swali la "wapi" halina uzito mkubwa. Maswali makuu ni "ngapi?" na "muda gani umebaki?". Katika mchezo wa kimataifa timu ina sekunde 24 za kutupa, na robo nne za dakika kumi kumi. Katika vyuo vya Marekani, upande wa wanaume, sekunde ni 30 tangu msimu wa 2015-16, na mchezo una nusu mbili za dakika 20. Vikapu vinafuatana, matokeo hubadilika kila mara, nayo huimbwa tena na tena: 41 kwa 38, 41 kwa 40, 43 kwa 40. Huu si mwendo wa hadithi. Ni mwendo wa wimbo wenye kiitikio, na kiitikio chenyewe ni hesabu. Msikilizaji akikosa jina la mchezaji hajapoteza kitu kikubwa. Akikosa kiitikio, amepotea.

Msamiati wa Kiswahili haupungukiwi kwa kazi hii. Tunazo pasi, kudundisha, ubao, mtupo, mlinzi. Kinachopungua ni mazoea ya pumzi. Mtangazaji aliyelelewa na soka akiketishwa mbele ya kikapu huanza sentensi ndefu yenye viunganishi, na kabla hajafika kwenye kitenzi vikapu viwili vimeingia. Sentensi ya kikapu yatakiwa iwe na kitenzi mwanzoni: "Anatupa. Ndani! Arobaini na tatu kwa arobaini." Kiswahili kina bahati hapa, kwa kuwa kitenzi chake kimoja hubeba mtenda, njeo na mtendwa. "Amemnyang'anya" ni neno moja. Kiingereza kinahitaji maneno kadhaa kusema hivyo. Lugha inayoweza kufunga tendo zima ndani ya neno moja imeumbwa kwa mchezo wa sekunde 24.

Kusikiliza Vyuo vya Marekani kutoka Baraka

Leo kijana wa Baraka mwenye simu na kifurushi cha intaneti anaweza kusikiliza mchezo wa chuo cha Marekani. Tuseme anafuatilia Chuo Kikuu cha Connecticut, alikochezea Hasheem Thabeet wa Dar es Salaam kuanzia 2006 hadi 2009, akaifikisha timu hiyo, pamoja na wenzake, katika nne bora za taifa mwaka 2009 kabla ya kuchaguliwa wa pili katika uteuzi wa NBA mwaka huo. Asikilizeje?

Kwanza, ajue saa. Mchezo wa saa moja jioni kwa saa za mashariki ya Marekani, wakati wa baridi, ni saa nane ya usiku Baraka. Marekani inaposogeza saa zake katikati ya Machi, mashindano makubwa yanapoanza, mchezo huo huwa saa saba ya usiku.

Pili, ajue gharama. Sauti peke yake, kwa kasi ya kilobiti 64 kwa sekunde, hula megabaiti 29 hivi kwa saa. Mchezo wa chuo huchukua karibu saa mbili, yaani chini ya megabaiti 60. Picha ya kawaida hula mara kumi ya hizo au zaidi. Basi redio haijafa kwa kuja intaneti. Kwa mtu wa Fizi, intaneti imeipa redio masafa mapya.

Tatu, ajue anayemsikiliza ni nani. Vyuo vikubwa vya Marekani huwa na mtangazaji wa nyumbani, ambaye hafichi upande wake. Anasema kwa sauti ya mwenyeji. Baadhi ya mashabiki huko huzima sauti ya televisheni na kumsikiliza yeye, ijapokuwa sauti ya intaneti huchelewa nyuma ya picha. Msikilizaji wa Baraka asiudharau upendeleo huo. Hata asipoelewa kila neno la Kiingereza, sauti ya mwenyeji inapopanda au kushuka humwambia mchezo unaelekea wapi. Ni ngomezi kamili: asiyejua maneno hujua mapigo. Akamate hesabu, akamate muda, akamate sauti. Mengine yatamjia.

Kasoro za Siku Hizi

Hatuna budi kusema pia yanayotuudhi. Utangazaji wa soka wa Kiswahili wa miaka ya karibuni una umbuji mwingi wa majina ya sifa, mafumbo ya mjini na vichekesho. Umbuji si dhambi. Hata mghani wa utenzi hujigamba. Dhambi ni pale umbuji unapoufunika mpira. Tumesikia dakika nzima ikipita kwa utani na tangazo la biashara bila kutajwa mpira uko upande gani. Wenye televisheni hawakuumia, kwa maana waliona. Aliyeumia ni yule aliyeshika redio ndogo gizani, na aghalabu hakuna anayemkumbuka.

Chanzo chake, kwa maoni yetu, ni kwamba mtangazaji wa leo mara nyingi huitangazia televisheni na redio kwa sauti ile ile. Mdomo mmoja hauwezi kuwahudumia mwenye macho na asiyenayo. Mwenye macho anataka maoni. Asiyenayo anataka macho. Aidha, kelele za uwanjani, ambazo ni sehemu ya tungo, hazipewi nafasi. Mtangazaji hodari hunyamaza sekunde tatu baada ya goli ili uwanja useme wenyewe.

Pingamizi moja lastahili kujibiwa. Yasemwa kwamba mafumbo ya mjini hukikuza Kiswahili, na kwamba kumtaka mtangazaji aseme wazi ni kumfunga mikono. Pingamizi hili lina ukweli nusu. Misemo mingi ya mpira imeingia katika siasa na maisha ya kila siku. Lakini fumbo hukua linapokuwa na mwenye kulifumbua. Fumbo linaloishia mtaa mmoja wa Dar es Salaam halijavuka ziwa.

Hitimisho

Mwaka 2025 Kiswahili kilipoteza sauti mbili kubwa za utangazaji: Leonard Mambo Mbotela wa Kenya, mwezi wa Februari, na Charles Hilary, aliyesikika Radio Tanzania Dar es Salaam na BBC, mwezi wa Mei. Mwezi huo huo wa Februari mji wa Bukavu, makao makuu ya Kivu ya Kusini, ulitwaliwa na M23, na watu wa Fizi wakarudi tena kwenye redio kwa sababu isiyo ya mchezo. Mambo haya mawili hayako mbali kama yanavyoonekana. Sikio lililofunzwa na mpira kutofautisha "anapiga" na "amepiga", "wamekaribia" na "wameingia", ndilo linalosikiliza habari za vita. Kwa msikilizaji huyo kiambishi si somo la darasani. Kati ya "wanaingia" na "wameingia" kuna muda wa kumbeba mtoto na kushuka ziwani.

Kwa hiyo tunapendekeza kwamba kanda za watangazaji wa zamani zikusanywe na kuandikwa kama tulivyokusanya ngano na tenzi, na kwamba wanafunzi wetu wapelekwe si studio peke yake bali pia ukingoni mwa ziwa, wakae na wasikilizaji usiku, wawaulize wameona nini.

Atakayeuliza hivyo Baraka asishangae akijibiwa kwa urefu. Watu hawa wameuona mpira kwa masikio kwa miaka mingi, na hatujawahi kuwauliza.